Mguu wa Nyuma wa Dimanche: Kwa Papa Polycarpe Zagabe Anapostaafu

Ijumaa tarehe 28 Juni 2024, Papa Polycarpe Zagabe, mtunzaji wa farasi wa Kituo Amkeni hapa Muhumba, Bukavu, anastaafu baada ya miaka ishirini na moja ya kazi. Kwa wasiotufahamu: Kituo chetu huwapandisha farasi watoto ambao miguu yao haijapata nguvu, ili migongo yao ijifunze kukaa wima. Tuna farasi wawili. Josephine ni mzee, mpole, na husimama hata akiwa amelala. Dimanche, aliyepata jina lake kwa kuwa alishuka kwenye lori siku ya Jumapili, ndiye mwenye mgongo mpana unaowafaa watoto wengi, na ndiye mwenye maneno mengi.

Wasifu huu umeandikwa na Gaston, katibu na mhasibu wa Kituo, yaani mimi. Sikuchaguliwa kwa uzuri wa kalamu yangu. Nilichelewa kufika kwenye mkutano wa kugawana kazi za sherehe, na kwetu asiyekuwepo ndiye anayejitolea.

Papa Polycarpe alizaliwa Katana, katika ukoo wa wafugaji. Mwaka 2003 alikuja kuomba kazi ya kulinda lango. Mkurugenzi wetu, Maman Anne-Marie, alimwuliza kama anajua wanyama, naye akajibu bila kupepesa macho, "Maman, nyama yote ya miguu ine ni ndugu yangu." Akaajiriwa palepale. Siku ya pili ikajulikana kwamba huyo ndugu wa miguu minne alikuwa ng'ombe peke yake, na kwamba farasi alikuwa amemwona mara moja tu, kwenye picha ya kalenda. Hakurudishwa kwao, maana Josephine alikuwa bado hajaletwa, na katika wote waliokuwepo hakuna aliyekuwa ameona zaidi ya hiyo kalenda.

Hapa inafaa kueleza jambo moja la kazi. Kwato za farasi hukua kama kucha. Zisipokatwa na kusawazishwa, farasi huanza kuchechemea, na farasi anayechechemea habebi mtoto. Fundi wetu wa kwato, Adalbert, hutoka Bujumbura, hupanda kupitia Uvira na Kamanyola akiwa na sanduku la nyundo, koleo, tupa na viatu vya chuma. Akifika anataka kumkuta farasi tayari: miguu mikavu, tope limechokolewa kwenye kwato, kamba imefungwa mahali palipo sawa, na kando yake yupo mtu anayeweza kuinua mguu na kuutoa kwa fundi bila vita. Kumtayarisha farasi hivyo ni kazi ya asubuhi moja. Sisi ilituchukua miaka kuijua, na mingi kati ya hiyo tuliitumia kuiharibu.

Aliyefungua njia ya kuiharibu ni Papa Polycarpe mwenyewe. Kwa baba yake, ng'ombe anayepelekwa kwa wakwe alioshwa na kupakwa siagi mpaka akang'aa, ili wakwe wakose la kusema. Papa Polycarpe aliona kwamba fundi anayevuka mpaka kuja kwetu hawezi kuwa mdogo kuliko wakwe. Basi mara ya kwanza ujio wa Adalbert ulipotangazwa, alimwosha Josephine kwa sabuni, na kwa kuwa siagi ilikuwa haba, akampaka mawese miguu yote minne, kuanzia magotini hadi kwenye kwato. Josephine aling'aa kama bibi harusi. Adalbert alishika mguu, ukateleza. Akashika tena, ukateleza tena, na safari hii yeye mwenyewe akakaa ndani ya ndoo. Adalbert si mtu wa maneno mengi, lakini alipotoka kwenye ndoo aliyapata haya: "Papa, miye nilikuja kutengeneza kwato. Sikukuja kukaanga samaki." Mpaka leo Papa Polycarpe anasisitiza kwamba farasi alipendeza sana siku ile, na kwamba lawama ni za mikono ya fundi.

Miaka ikapita, mawese yakarudi jikoni, na Josephine akazoea. Kisha mwaka 2011 akaja Dimanche. Alikuwa zawadi ya bwana mmoja mwenye mashamba kwenye bonde la Ruzizi, ambaye alitukabidhi farasi huyo kwa haraka ambayo ingetushtua kama tungekuwa na akili. Lori lilikuwa bado linaunguruma, naye alikwisha kurudi garini. Tatizo tulilijua wiki ileile. Dimanche alikubali kila kitu: watoto, mvua, kelele, hata sindano ya daktari wa mifugo. Asichokubali ni kushikwa mguu wa nyuma.

Hapo ndipo sisi wengine tulipoona vema kusaidia. Bukavu tunajuana: tatizo likizaliwa, na kamati inazaliwa kando yake. Tuliunda kamati ya mapokezi ya fundi. Tulipanga viti, tukatandika kitambaa mezani, wafanyakazi wote wakashona kitenge cha aina moja, nami nikaandaa hotuba. Kwaya ya Kituo, ambayo mimi ni sauti yake ya tatu, ilisimama hatua chache nyuma ya farasi ili imwone vizuri mgeni. Hotuba haikupata nafasi. Ngoma ilipolia, Dimanche alikata kamba, akapita katikati ya sauti ya kwanza na ya pili, akaondoka na kitambaa cha meza. Alikamatwa karibu na ziwa. Katika kikao cha tathmini tuliafikiana kwamba kamba haikuwa ya ubora.

Safari iliyofuata tuliacha kwaya, tukaja na chakula. Mgeni hafanyi kazi na njaa, hilo hata mtoto wa Muhumba analijua, na mpishi wetu, Maman Constance, alimsongea Adalbert bugali na kumkaangia sambaza, vile visamaki vya ziwani, vya kutosha kijiji. Adalbert akala, akashukuru, akafumba macho kwenye kiti chini ya ukuta. Dimanche, aliyekuwa amefungwa na kutayarishwa tangu asubuhi, alingoja kama mtu anayengoja benki. Alipochoka kungoja aling'oa nguzo. Tangu siku ile Papa Polycarpe alitoa amri kwamba kwanza kwato, kisha bugali, na Maman Constance hakumsalimia kwa msimu mzima wa mvua.

Katika fujo yote hiyo, mtu mmoja tu alipewa mguu wa nyuma wa Dimanche, naye ni Papa Polycarpe. Na alijua kujisifu, hilo tuliseme wazi. Mara alidai farasi anasikia Mashi, lugha ya kwao, peke yake, basi Kituo kizima kikawa kinampitia Dimanche asubuhi kikimsalimia "asinge". Mara alidai siri ni nyimbo za kanisa, ambazo huziimba kwa sauti isiyofuata njia yoyote. Mara alisema siri iko kwenye damu ya Wazagabe. Ukweli ni kwamba alikaa naye. Kwa miezi alimgusa paja, akamwacha. Akamgusa goti, akamwacha. Akafika kifundoni, akapigwa teke, akalala nyumbani siku kadhaa, akarudi kuanzia pajani. Teke lile alilielezea kwa namna mbalimbali, na kila mara farasi alizidi kuwa mkubwa.

Hatukujua jinsi tulivyomtegemea mpaka mwaka 2022, alipougua na kulazwa kule Katana. Adalbert alifika, na sisi tukajiona watu wazima. Tulimtayarisha Dimanche wenyewe, yaani tulimfunga kamba ndefu mno, juu ya mteremko, miguu ingali mibichi, na kila mmoja akatoa shauri. Dimanche alilipiga sanduku la vifaa, koleo likaruka juu ya ukuta wa jirani, na Adalbert akaondoka akiwa amemaliza miguu ya mbele tu.

Farasi akaanza kuchechemea. Watoto wakakosa mazoezi kwa muda mrefu. Kulikuwa na msichana mdogo anayeitwa Mapendo, ambaye mama yake humleta mgongoni kutoka Bagira. Alikuwa ndiyo kwanza ameanza kukaa juu ya Dimanche bila kushikwa. Kwa majuma aliletwa, akamtazama farasi kupitia uzio, akarudishwa nyumbani, na alipopandishwa tena shingo yake ilikuwa imelegea kama mwanzo. Hilo halikumchekesha mtu yeyote. Hata leo, tunapojicheka kwa mengine yote, hilo tunalipita kimya.

Ndiyo maana Januari mwaka huu, barua ya kustaafu ya Papa Polycarpe ilipobandikwa ukutani, hatukufikiria keki kwanza. Adalbert aliisoma akiwa anafunga sanduku lake, akamgeukia Maman Anne-Marie. "Maman, miye niko na mugongo moja tu," akasema. "Huyu muzee akitoka na hakuna mutu ingine wa kunipa ule muguu, na miye natoka." Maman Anne-Marie alituambia wazi maana yake: bila fundi, Dimanche hawezi kubaki Muhumba. Angerudishwa bondeni, na watoto wangebaki na Josephine, ambaye mgongo wake sasa unabeba wawili au watatu tu kwa asubuhi.

Tulifanya nini? Tuliunda kamati. Tulifanya na semina, yenye chai ya saa nne. Papa Polycarpe aliitwa kutoa mbinu zake, akasimama mbele yetu na kusema, "Unamusemesha tu. Akikataa, unamusemesha tena," akakaa, akaomba chai. Tukaanza kubahatisha. Déborah, mtaalamu wetu wa mazoezi ya viungo, alivaa koti la Papa Polycarpe ili farasi adanganyike kwa harufu, na Dimanche akala mfuko wa koti. Mimi nilirekodi uimbaji wa mzee kwenye simu na kuupiga zizini. Dimanche alisikiliza kwa makini, kisha akanipa kisogo. Mwishoni kamati ilipiga kura kuchagua mtu atakayeshika mguu. Nilikuwa nimetoka kidogo kupokea simu. Niliporudi nilipigiwa makofi.

Ieleweke kwamba mimi ni mtu wa ofisi. Farasi nilikuwa namfahamu kupitia dirisha. Nina kitambi cha heshima na viatu vya ngozi, na ninapopita nyuma ya Dimanche hupitia upande wa pili wa jengo.

Siku ikafika, Ijumaa ya tarehe 21 Juni, wiki moja kabla ya kuagana. Adalbert aliteremka na sharti moja: Papa Polycarpe asionekane wala asisikike. "Muzee, leo weye ni mugeni. Bageni banangojaka inje." Papa Polycarpe alitoka bila ubishi, jambo ambalo peke yake lingepaswa kutustaajabisha. Akavuka barabara, akaenda kukaa kwa maman anayeuza makala, yale makaa ya kupikia.

Kwa kuwa tulishaona yote yasiyofaa, safari hii matayarisho yalikuwa sahihi. Nilimfunga Dimanche kamba fupi kwenye sakafu ya saruji nyuma ya jiko, nikamkausha miguu kwa gunia, nikamchokoa tope la kwato za mbele. Nilisali pia. Suruali niliazima kwa shemeji, maana zangu zote ni za ofisini. Déborah alishika kichwa cha farasi. Adalbert alimaliza mbele, akaninyoshea kidole upande wa nyuma, akarudi hatua mbili.

Niliweka mkono begani mwa farasi, nikaupitisha mgongoni, pajani, nikashuka. Macho nilikuwa nimeyafumba, jambo ambalo halikufundishwa kwenye semina. Mara nikasikia kitu kizito kimeniangukia mkononi. Nilidhani nimekwisha pigwa teke, na kwamba maumivu yako njiani.

"Gaston, fungua macho," Déborah akasema. "Amekupa."

Ulikuwa mguu wa nyuma wa Dimanche, umetulia kwenye viganja vyangu, naye anatafuna majani. Adalbert aliuchukua, akakata, akapiga tupa, akarudisha. Mguu wa pili ulikuja hivyohivyo. Hakuna kilichovunjika wala kuruka ukuta.

Adalbert alipouliza nani amemfundisha farasi huyu, nilijifuta jasho na kuanza kueleza juhudi za kamati. Sikufika mbali. Maman Constance, aliyekuwa amesimama mlangoni mwa jiko na mwiko mkononi, alinikata: "Secrétaire, acha bongo, acha uongo. Kamati gani? Huyu farasi, sisi bote tunamushikaka ule muguu tangu Janvier!"

Ndipo yote yakatoka. Tangu Januari, kila asubuhi, Papa Polycarpe alikuwa akimwita yeyote anayepita. "Maman Constance, unishikiliye huu muguu kidogo, natafuta brosi." Kwa Déborah ilikuwa kamba ya kiatu. Kwa mlinzi ilikuwa simu inayoita mfukoni. Mwanzoni mguu wa mbele, baadaye wa nyuma, kidogo, kisha zaidi, huku yeye amesimama karibu, kisha mbali, kisha hayupo kabisa. Nami? Nami kila nilipompelekea karatasi ya kutia sahihi, alinikabidhi kwato ili mikono yake iwe huru. Niliishika nikinung'unika juu ya shati langu jeupe, na mtu anayenung'unikia shati hana nafasi ya kuogopa. Kumbe nilikuwa nimeshika mguu ule msimu mzima. Papa Polycarpe alikuwa anamtayarisha farasi kwa ajili ya fundi, na alikuwa anatutayarisha na sisi, na farasi ndiye aliyeelewa haraka.

Sisi tulikuwa tumeelewa nini? Tulisema mzee anachoka. Hawezi tena kufunga kiatu, anapoteza brosi ya kusugulia farasi, hasikii simu yake. Tulimhurumia mpaka kamati ya zawadi ikamchagulia miwani. Miwani imekwisha nunuliwa na atapewa siku ya sherehe, na tunaomba asiivae mbele yetu.

Mtu huyu alitangaza Muhumba yote siku ambayo Dimanche alipona tumbo. Amejisifia mikono yake, ukoo wake, na sauti yake ambayo haina sifa. Lakini jambo hili kubwa kuliko yote hakumwambia mtu.

Nilivuka barabara kumwita. Nilimkuta amekaa juu ya gunia, vumbi la makala usoni, na machozi yamepita katikati yake. Aliniuliza, "Na wa nyuma pia?" Nikamwambia, na wa nyuma pia, yote miwili. Halafu akasema, "Basi sasa anaweza kuwa bila miye." Alikuwa amefanya kazi kwa miezi ili asihitajike tena, na siku ilipofaulu ilimuuma. Sikuwa na hotuba. Nilikaa kwenye gunia la pili, na suruali ya shemeji haitarudi ilivyokuwa. Tulilia wote wawili mbele ya maman wa makala, ambaye alitupa pole akidhani tumefiwa.

Baadaye aliingia ndani, akazikagua kwato moja moja, akatangaza kwamba mimi hushika mguu wa farasi kama mtu anayebeba koroboi. Tukajua kwamba amepona.

Papa Polycarpe, Kituo Amkeni kinakushukuru. Wanakushukuru watoto waliokaa wima kwa sababu farasi alisimama, na mama zao waliopumzisha migongo. Maman Constance anakushukuru pia, na anasema yale ya bugali amekwisha kuyasamehe. Rudi Katana kwa amani, ng'ombe wako wanenepe, wajukuu wakusikilize, na usingizi wa asubuhi, ambao hujauonja kwa miaka mingi, ukukalie vizuri. Mungu akupe siku nyingi na njema.

Dimanche anabaki. Adalbert mwenyewe ameandika kwenye kalenda ya ofisi kwamba atarudi Ijumaa ya tarehe 16 Agosti. Siku hiyo, Papa, kwa heshima zote na kwa upendo wote tulio nao, tunakuomba usije. Njoo kesho yake, ule nasi.